Sewanee 1899: Mechi tano ndani ya siku sita, na hela ya mlangoni nyuma ya yote

Watu wengi wakisimulia habari za Sewanee, ile timu ya chuo ya futiboli ya Kimarekani ya 1899, wanaanza na ushujaa. Mimi naanza na hela ya mlangoni maana ndiko mambo yalikoanzia. Kuna chuo kidogo cha kanisa juu mlimani Tennessee, jina lake rasmi University of the South, ila kila mtu anakiita Sewanee kwa jina la mji wake, na mwishoni mwa miaka ya 1890 chuo hicho kiligombana na Vanderbilt ya Nashville kuhusu mgawo wa mapato ya getini. Vanderbilt ndiye alikuwa mtani wao wa jadi, mechi yao ndiyo iliyokuwa inaleta watu, na ya 1899 ikafa. Si unajua derby ya Simba na Yanga ikiota mbawa nani analia kwanza? Sio shabiki bana, ni mhasibu.

Kwa hiyo kukabaki shimo kwenye bajeti ya timu, na mtu aliyetakiwa kuliziba alikuwa mwanafunzi tu, kijana wa miaka 20 anaitwa Luke Lea, yeye ndiye alikuwa meneja. Sio kocha, kocha alikuwa Billy Suter, jamaa aliyetokea Princeton. Kazi ya Lea ilikuwa kutafuta mechi, kupanga safari, kuongea na wenye uwanja, kuhesabu hela. Na Lea akapiga hesabu moja rahisi sana: kama watu wa kulipa kiingilio hawaji huku mlimani, na mtani wetu kanuna, basi sisi tutawafuata watu waliko, na ili nauli ilipe inabidi tucheze mechi nyingi iwezekanavyo kwenye safari moja. Matokeo yake ndiyo ile safari inayosimuliwa mpaka leo, mechi tano ndani ya siku sita, zote ugenini, na hakuna aliyewafunga hata pointi moja.

Nieleze kidogo kwa ambao hamfuatilii huu mchezo, maana bila hapo hamtaelewa ukubwa wa hii kitu. Futiboli ya Kimarekani mnayoiona kwenye TV ina makofia magumu, mabega ya plastiki, kocha kavaa hedifoni, na wachezaji wanabadilishwa kila dakika, kuna watu wa kushambulia, watu wa kuzuia, hadi kuna mtu analipwa mamilioni kazi yake ni kupiga teke tu halafu anarudi kukaa. 1899 hakuna cha hivyo. Watu 11 walewale wanashambulia na walewale wanazuia, na ukitoka umetoka, hurudi. Kurusha mpira kwenda mbele ilikuwa marufuku, ruhusa ilikuja 1906, kwa hiyo mchezo mzima ni kuubeba mpira na kujichomeka katikati ya rundo la watu. Unapewa majaribio matatu usogee yadi 5 (leo ni manne, yadi 10). Ukifikisha mpira mwisho wa uwanja, ile wanayoita tachidauni, ni pointi 5, na teke la nyongeza pointi 1. Helmeti sio lazima, wengi walikuwa wanafuga nywele ndefu ili ziwe ndio mto wa kichwa. Sitanii. Ulikuwa mchezo wa kuvunjana, watu walikuwa wanakufa uwanjani kabisa, mpaka 1905 Rais Theodore Roosevelt akawaita Ikulu watu wa Harvard, Yale na Princeton akawaambia hebu rekebisheni huu mchezo wenu.

Sasa weka hayo yote kichwani halafu angalia ratiba ya Lea.

Alhamisi tarehe 9 Novemba 1899, Austin, dhidi ya Texas, Sewanee 12–0. Ijumaa tarehe 10, Houston, dhidi ya Texas A&M, 10–0. Jumamosi tarehe 11, New Orleans, dhidi ya Tulane, 23–0. Jumapili hawachezi, chuo cha kanisa hicho. Jumatatu tarehe 13, Baton Rouge, dhidi ya LSU (chuo cha jimbo la Louisiana), 34–0. Jumanne tarehe 14, Memphis, dhidi ya Ole Miss (chuo cha Mississippi), 12–0. Jumla 91 kwa sifuri. Na kikosi kilichosafiri kilikuwa na wachezaji 21 tu, yaani ukitoa 11 wa uwanjani wanabaki 10, na wote hao wanacheza leo na kesho na keshokutwa na viwiko vyao vimevimba.

Mimi kazi yangu ni dereva wa semi, nakaa Nashville, na hizo njia nazijua kwa matairi. Houston hadi New Orleans ni kama maili 350, ukipita I-10 bila foleni ya Baton Rouge ni masaa matano na kitu, na nikifika nashuka kwenye kabini mgongo unaimba, na mimi nimekaa kwenye siti yenye springi na kiyoyozi. Hawa vijana walimaliza mechi Houston Ijumaa, wakapanda behewa, wakalala njiani, Jumamosi wakashukia New Orleans wakacheza tena, wakashinda 23–0. Safari nzima kwenda na kurudi ilikuwa kama maili 2,500, ambazo ni kilomita 4,000, kwenye treni za mvuke za karne ya kumi na tisa. Ili mpate picha ya zama zenyewe, 1899 ndio mwaka ambao reli ya kutoka Mombasa ilifika Nairobi, na Nairobi yenyewe ilikuwa mahema na matope.

Kuna vitu viwili vidogo kwenye hiyo safari navipenda kuliko hata matokeo. Cha kwanza ni maji. Walibeba mapipa mawili ya maji kutoka chemchemi ya nyumbani kwao, Tremlett Spring, kwa sababu waliogopa maji ya huko waendako yatawavuruga matumbo. Watu wanaweza kucheka lakini mimi naona hapo ndipo mechi tano ziliposhindiwa, maana wachezaji 21 ukishapata wawili watatu wenye tumbo la kuendesha huna timu tena. Yeyote aliyewahi kusafiri na timu ya mtaa kwenda mkoani akala ugali wa stendi anaelewa. Cha pili ni viatu. Inasimuliwa kwamba treni ilishaondoka ndipo ikagundulika viatu vya kuchezea vimebaki stesheni Sewanee. Vyote. Lea ikabidi apige telegramu nyuma, viatu vikapakiwa treni nyingine ikaenda inawafukuza, vikafika kabla ya mechi ya Austin. Yaani meneja kapanga ratiba ya majimbo matatu, kaongea na vyuo vitano, kapata behewa maalum la kulala, halafu viatu vinabaki. Nacheka kila nikifikiria sura yake siku ile.

Mechi tano hizo sio msimu wote. Kabla ya kuondoka walishawapiga Georgia 12–0, Georgia Tech 32–0, Tennessee 46–0, na Southwestern Presbyterian 54–0. Waliporudi wakampiga Cumberland 71–0. Halafu tarehe 30 Novemba, Montgomery, wakakutana na Auburn ya John Heisman, huyohuyo Heisman ambaye tuzo ya mchezaji bora wa vyuo Marekani inaitwa kwa jina lake. Hapo ndipo walipokaribia kuanguka. Auburn ndio timu pekee iliyowafunga msimu mzima, ikawafunga 10, na Sewanee wakashinda 11–10. Heisman aliondoka analalamikia waamuzi, akaandika mpaka gazetini. Mambo ya kocha kufungwa halafu refa ndiye mbaya hayajaanza jana. Siku mbili baadaye, Atlanta, wakawafunga North Carolina 5–0, wakafunga hesabu: mechi 12, ushindi 12, pointi 322 kwa 10.

Nahodha alikuwa Henry Seibels, wenzake walikuwa wanamwita Diddy, alikuja kuingizwa kwenye jumba la heshima la futiboli ya vyuo mwaka 1973 akiwa ameshafariki. Mwingine ni William Claiborne, yule waliyemwita Wild Bill, jina la mtu wa fujo, halafu akaja kuwa mchungaji na akafanya kazi ya kanisa kwa watu wa milima hiyohiyo. Ndio timu ya chuo cha kanisa hiyo, anakuvunja mbavu Jumamosi halafu baadaye anakubatizia mtoto.

Nimesema mlimani mara kadhaa, ngoja niuseme huo mlima. Ukitoka Nashville na I-24 kwenda Chattanooga unafika mahali nchi inainuka ghafla, hiyo ndiyo Monteagle, na dereva yeyote wa semi anayepita Tennessee jina hilo analijua kwa sababu ya mteremko wake wa upande wa pili. Umebeba paundi elfu 80, ambazo ni kama tani 36, unashuka na kona, unamwachia injini ishike gari, mguu unauweka mbali na breki kadri inavyowezekana maana ukizikanyaga muda mrefu zinapata moto zinaacha kushika. Upande wa kushoto kuna njia za dharura za changarawe, kwa ajili ya lori lililokatika breki lipande huko lizame lisimame. Nimeona lori limezama kwenye ile changarawe mpaka ekseli, dereva wake kakaa chini pembeni ya barabara anashika kichwa, mzima, na hayo ndiyo yalikuwa muhimu. Juu kabisa ya huo mlima, kabla hujaanza kushuka, ndipo penye kibao cha Sewanee, na nilikuwa nakipita tu kama vibao vingine vyote mpaka mzee mmoja pale tunapopimishia mizani akaanza kunipigia stori za 1899 kama vile yeye alikuwepo.

Reli iliyokuwa inapanda huko juu kutoka mji wa Cowan ilikuwa maarufu kwa ukali wake, waliiita Mountain Goat, mbuzi wa mlimani. Ilijengwa kwa ajili ya makaa ya mawe sio kwa ajili ya wanafunzi. Hata ardhi ya chuo sehemu kubwa ilitoka kwa kampuni ya makaa, maelfu ya ekari, mpaka leo chuo kina ekari kama elfu 13 za misitu na mapango na majabali na wanafunzi kama 1,700 tu. Reli ilishang'olewa, sasa hivi ni njia ya kutembea na baiskeli.

Na hapa kuna jambo ambalo waandishi wa michezo wa Kimarekani wanalipita haraka sana, mimi siwezi kulipita. Hicho chuo kilianzishwa 1857 na maaskofu wa kanisa la Episkopo, ambalo ndilo tawi la Anglikana huku Marekani, wa majimbo ya kusini, wakati wa utumwa, na lengo lilikuwa watoto wa wenye mashamba wasome hukuhuku kusini wasiende kaskazini kuambukizwa mawazo ya kupinga utumwa. Mmoja wa waasisi, Askofu Leonidas Polk wa Louisiana, alikuwa anamiliki watumwa wengi, na vita ya wenyewe kwa wenyewe ya Marekani ilipoanza akavaa magwanda akawa jenerali wa upande wa kusini, akauawa kwa mzinga 1864. Jiwe la msingi waliloweka 1860 wanajeshi wa kaskazini wakalilipua 1863. Chuo chenyewe kikafunguliwa 1868, wanafunzi tisa, walimu wanne, na hela nyingi za kukiinua tena zilichangwa Uingereza.

Kwa hiyo mtu mwenye rangi yangu 1899 kule mlimani angekuwa mpishi au mfuaji. Au mkandaji. Kwenye ile safari alikuwepo mtu mmoja mweusi, Cal Burrows, yeye ndiye alikuwa anawakanda wachezaji na kuwatunza miili kati ya mechi na mechi. Fikiria kazi aliyokuwa nayo, miili 21 imevurugika na kesho asubuhi inatakiwa isimame tena. Miaka mitatu tu kabla ya hapo, 1896, mahakama kuu ya Marekani ilihalalisha kuwatenga weusi kwenye mabehewa ya treni, na kesi yenyewe ilianzia New Orleans, mji huohuo waliocheza mechi ya tatu. Mtu ukiniuliza ni nani kwenye ile timu ningependa kumhoji, simtaji Seibels wala Lea. Ni Burrows. Yeye ndiye aliyejua nani alikuwa ameumia kweli na nani anadeka, na naamini alijua mengine mengi ambayo hakuwa huru kuyasema.

Chuo chenyewe kimekuja kukubali kuyachimba hayo, wana mradi wao wa kuchunguza historia yao na utumwa. Lakini ilichukua muda. 1952 bodi ilikataa kupokea wanafunzi weusi kwenye kitivo cha theolojia, mkuu wa kitivo na walimu wengi wakaachia ngazi kwa hasira, 1953 bodi ikalegea. Wasichana waliingia 1969. Nayasema haya kwa sababu wakati mtu anakusimulia 1899 huku macho yanang'aa, kuna watu wanasikiliza wakiwa wamesimama mahali tofauti na yeye.

Rudi kwenye hela.

Yule meneja Luke Lea hakuishia hapo, maisha yake yote alikuwa mtu wa mipango mikubwa. 1907 akaanzisha gazeti Nashville, Tennessean, bado lipo mpaka leo. 1911 akawa seneta akiwa na miaka 31. Vita ya kwanza akaenda Ufaransa akiwa kanali wa mizinga. Na Januari 1919, vita imeshaisha, akachukua wenzake wachache wakapanda magari wakaingia Uholanzi hadi kwenye kasri la Amerongen alikokuwa amejificha Kaizari Wilhelm wa Pili, wakitaka kumkamata wampeleke akashtakiwe. Kaizari yuleyule ambaye Tanganyika ilikuwa yake, wakati wa Majimaji amri zilikuwa zinatolewa kwa jina lake. Wakafika mpaka ndani ya nyumba, wakakaribishwa, Kaizari akagoma kutoka chumbani, askari wa Uholanzi wakaanza kuzunguka nje, ikabidi waondoke mikono mitupu. Karibu mitupu, mmoja wao alitoka na kisahani cha majivu ya sigara. Jeshi likamkaripia Lea likaishia hapo. Mimi nikisoma habari hiyo namwona kijana yuleyule wa 1899, ana orodha ya treni mkononi na anaamini kabisa kwamba hili linawezekana, shida ni kwamba safari hii hakukuwa na fulubeki wa kumpasulia njia.

Halafu 1930 mabenki yakaanguka, benki alizokuwa amehusika nazo zikaanguka nazo, 1931 akahukumiwa North Carolina kwa mambo ya ubadhirifu wa benki, akaingia gerezani 1934, akatoka 1936. Baadaye alisamehewa. Kuna watu Tennessee mpaka leo wanasema alionewa kisiasa na kuna wanaosema alistahili, mimi siingilii.

Ila angalia hiyo miaka, 1934 mpaka 1936. Ndio miaka hiyohiyo timu aliyoitangaza dunia nzima ilikuwa inapigwa kama ngoma. Ilikuwaje? Desemba 1932 vyuo 13 vya kusini vilijitenga vikaunda ligi mpya, Southeastern Conference, wengi wanaiita SEC, na Sewanee akawemo kama muasisi, kwa heshima ya jina. Heshima ya jina haichezi mpira. Wenzake kina Alabama, Tennessee na LSU walikuwa wanakua, wanajenga viwanja, wanatafuta vijana mikoani na kuwalipia masomo ili wacheze, na Sewanee bado ni chuo cha mlimani chenye wanafunzi wachache. Kuanzia 1933 mpaka 1940 Sewanee alicheza mechi 37 za ligi hiyo. Alipoteza 37. Sio kwamba alipata hata sare moja ya kubahatisha, hapana, 37 zote. Alifungwa jumla ya pointi 1,163, yeye akafunga 84, na kwenye mechi 26 hakupata hata pointi moja.

Huwa nafikiria wachezaji wa miaka ile kuliko wale wa 1899. Wale wa 1899 walijua wanaweza kushinda, hata ukiwa umechoka unapata nguvu. Hawa wa 1936, 1937, wanapanda basi kwenda kucheza na timu ambayo wanajua, kocha anajua, hata dereva wa basi anajua, na wanashuka wanavaa jezi ya zambarau wanaingia. Na kwa nini walikuwa wanaenda? Kwa sababu mechi ya ugenini kwenye uwanja mkubwa inalipa. Hela ya mlangoni tena. Ile dawa ya Lea ya kuwafuata watu waliko iligeuka ikawa ugonjwa, timu inasafiri kwenda kuuza kichapo chake.

Aliyekata huo mzizi ni Alexander Guerry, alisoma Sewanee mwenyewe, akaja kuwa mkuu wa chuo 1938. Alikuwa anaamini mchezo ni wa wanafunzi waliokuja kusoma, sio biashara ya kununua wachezaji, na badala ya kutafuta hela ya kushindana akafanya ambacho karibu hakuna chuo kikubwa cha kusini kilichokuwa tayari kukifanya, akaitoa timu kwenye ligi. Mwisho wa 1940 Sewanee akawa nje ya SEC. Vita ya pili ilipopamba moto timu ikasimama kabisa, ikarudi 1946 bila ufadhili wa kimichezo, wanafunzi wa kawaida wanacheza mpira Jumamosi na Jumatatu wako darasani.

Wapo wanaosema Guerry alikimbia. Wanakuonyesha namba: leo chuo kimoja ndani ya SEC kinapata mgawo wa zaidi ya dola milioni 50 kwa mwaka, wanakuambia ona Sewanee alivyoacha hela mezani. Mimi hiyo hoja siikubali hata kidogo. Georgia Tech naye alitoka 1964, Tulane 1966, na hao ni vyuo vikubwa vya mijini. Ungemweka Sewanee humo angeuza msitu wote na bado angefungwa. Halafu angalia kilichotokea baada ya kuacha. Akaja kocha Shirley Majors 1957, baba yake Johnny Majors yule kocha maarufu wa Pittsburgh na Tennessee, akakaa miaka 20, na mara mbili, 1958 na 1963, timu yake ikamaliza msimu bila kupoteza hata mechi. Mechi 8 ushindi 8, dhidi ya vyuo vya saizi yao. Vijana waliokuwa hawajawahi kusikia baba zao wanasimulia ushindi wowote wa ligi wakapata wa kwao.

Sasa hivi Sewanee wako daraja la tatu la vyuo, Division III, ambako hairuhusiwi kumpa mwanafunzi ufadhili kwa sababu ya mpira. Uwanja ni uleule, McGee Field, wanacheza hapo tangu 1891, na wenyewe wanajivunia kwamba ndio mkongwe kuliko wote kusini. Nilienda Jumamosi moja ya Oktoba nikiwa off, na gari ndogo, maana kule ndani na semi utaonekana kituko. Jukwaa ni dogo, nyuma ya uwanja ni miti tu, ukungu ulikuwa umeshuka mpaka ukawa unaona mpira unaingia juu unapotea halafu unarudi. Watu wamekuja na mbwa. Mama mmoja mbele yangu alikuwa anamwita mchezaji kwa jina la nyumbani, yule kijana anajifanya hasikii, mwenzake akamgonga kofia akamwonyesha kidole kwa mama, wote wakacheka, na hapo mechi inaendelea. Kwenye uwanja wa Knoxville, ambako Tennessee anajaza watu zaidi ya laki moja, mama huyo angehitaji darubini.

Wana shangwe lao la zamani linalotaka wapagani washushwe na Kanisa lipandishwe, linamalizika kwa kelele ya kwamba Sewanee ndiye mwenye haki. Nilicheka sana nilipolijua, kwa sababu hao wapagani wenyewe enzi zile walikuwa Wamethodisti wa Vanderbilt na Wapresbiteri wa Southwestern. Na wanafunzi wanaofanya vizuri darasani wanavaa majoho meusi kwenda kwenye vipindi, kama Oxford, na ukitoka kwenye geti la chuo na gari unagonga paa la gari kwa kiganja, wanasema hapo umechukua malaika wa kukusindikiza. Niligonga. Kwa mteremko wa Monteagle simkatai malaika wa dini yoyote.

Zile timu 12 zilizopigwa 1899, saba leo ziko SEC: Georgia, Tennessee, LSU, Ole Miss, Auburn, Texas A&M aliyejiunga 2012, na Texas aliyejiunga 2024. Mtu akiwa na muda aende aangalie viwanja vyao kwenye TV Jumamosi usiku, taa, bendi, ndege za jeshi zinapita juu. Ila kama mko Nashville au Chattanooga, msimu unaanza Septemba unaisha Novemba, mechi nyingi za Sewanee ni mchana, bebeni jaketi hata kama mjini kuna joto kwa sababu kule juu hali ya hewa ni nyingine, na fikeni mapema kabla ukungu haujajaa maana ukishajaa hata kupata pa kupaki ni kwa kupapasa.